Unga Ambao Sikuumwaga Mkekani

Ngalula mwanangu,

Umeenda kuagana na wenzako wa kwaya, na mimi nimekaa hapa kwenye kitanda chako, begi lako liko pembeni, naandika haraka kabla hujarudi. Ningeweza kukuambia kwa mdomo. Nimejaribu tangu juzi. Kila nikifungua mdomo natoa maneno ya sabuni na chandarua, wewe unasema, "Ee mama, nimesikia," na mimi narudi jikoni. Basi humu hakuna sabuni wala chandarua. Una akili, utajifunika mwenyewe.

Naogopa, mwanangu. Siyo barabara ya Lubutu, ingawa najua pikipiki zinavyozama kwenye yale matope. Siyo kwamba Obokote, wanakokupeleka, huna ndugu hata mmoja wa kukuchemshia maji ukiumwa. Naogopa kazi yenyewe. Naogopa kwamba utaifanya vizuri, maana wewe tangu mdogo ukiambiwa kitu unakifanya mpaka mwisho.

Juzi ulikuja na ile tableti ya shirika, ya kuchagua watu wa kupewa chakula, ukasema, "Mama, kaa nikujaribie." Nikakaa. Ukaniuliza nyumba ina vyumba vingapi, jana tulikula mara ngapi, kama kuna mtoto mgonjwa, kama nina redio. Nikakudanganya kidogo kwenye redio, ukanicheka, maana ilikuwa inalia pale mezani. Mwishoni mashine ikafikiri, ikasema mimi si maskini wa kutosha. Mama Feza alikuwa mlangoni anachambua sombe, majani ya muhogo, akasema, "Uniulize na mimi basi, mimi niko maskini kumupita huyu." Tulicheka wote. Nakuambia kweli, nilikuwa na furaha. Nilijiona mama wa mtu mkubwa.

Kisha ukasema lile neno. Ukasema kule Obokote kuna vijiji ambavyo watu wakishapewa chakula wanarudi nyumbani, wanachanganya, wanagawana upya na wale ambao hawakuchaguliwa. "Wanaharibu mradi, mama. Mukubwa wetu alisema tukiona kijiji kinafanya vile, tukiandike, kitatolewa." Ulisema kama mtu anayesimulia mvua ya jana. Mama Feza akainuka na sombe yake akaenda nyuma ya nyumba. Wewe ulifikiri ameenda kuangalia moto. Moto ulikuwa bado haujawashwa. Alikuwa ameenda kulia, na mimi nilimfuata, tukasimama pale mpaka tukasikia umetoka.

Unajua kwamba baba yako Kalonji alichukuliwa na watu wa bunduki kubeba mzigo, akaingia nao msituni, hakurudi. Hilo nilikuambia ulipoanza kuuliza. Sikukuambia ni mzigo gani. Ulikuwa unga. Ulikuwa unga wetu wa msaada, na ulikutwa mzima kwenye gunia kwa sababu mimi nilikataa kuugawa.

Acha nikueleze taratibu, maana ukisoma haraka utakasirika kabla hujaelewa.

Miaka ile tulikuwa hatukai huku Alunguli. Tulikaa ng'ambo ya mto, kwenye kambi ya reli, zile nyumba za matofali zilizopangwa msururu mmoja, uwanja mmoja nyuma, kila mtu anasikia mwenzake akikohoa. Wengi walikuwa watu wa Kasai na Katanga waliokuja na kazi, kama baba yako. Wengine walikuwa wakimbizi kutoka njia ya Kibombo, waliojibanza kwa ndugu. Mjini kulikuwa na wenye bunduki, msituni kulikuwa na wenye bunduki wengine, na sisi katikati. Mashamba yetu tuliyaona kwa macho, lakini aliyekwenda kuchimba muhogo alikwenda akiwa ameshaaga. Treni haikuja tena. Mshahara haukuja tena. Baba yako kila asubuhi alivaa nguo yake ya kazi, akaenda stasheni kupangusa mashine ambayo haiendi popote. Nilimwambia, "Utaifuta mpaka iwe sahani." Akasema siku reli ikifunguka hataki wamkute na kutu. Hivyo njo alivyokuwa. Wewe umetoka kwake, si kwangu.

Kisha ndege zikaanza kuleta chakula. Sitaki useme mama anatukana msaada, hapana. Bila zile ndege tungezikana wote. Lakini chakula hakikutosha watu wote, kwa hiyo walichagua. Kadi walipewa wenye mimba, wenye kunyonyesha, na nyumba zenye mgonjwa. Kwenye msururu wetu kadi zilikuwa chache, nyumba nyingi.

Sasa sisi wanawake wa kambi tulikuwa na utaratibu wetu. Siku ya mgawo, wenye kadi walikwenda uwanjani kuchukua, wasio na kadi walikwenda kusaidia kubeba. Tukifika nyumbani, Mama Feza, ambaye hakuwa na kadi na nyumba yake ilikuwa ya kwanza kwenye msururu, alitandika mkeka mkubwa pale uwanja wa nyuma. Kila mmoja alimwaga. Unga wote ukawa kilima kimoja, njegere kilima kingine. Mama Feza alichukua bakuli lake la bati, akapima nyumba kwa nyumba, mwenye watoto wengi akaongezwa, na hakuna aliyeangalia nani alikuwa na kadi. Hatukuwa watakatifu. Tuligombana juu ya lile bakuli, fulani ananung'unika halijajaa, fulani anasema umenipimia kwa kidole ndani. Lakini tulimwaga. Hakuna aliyewahi kutuambia kwa nini. Sisi tulisema ni heshima tu, utakulaje mwenzako akisikia harufu?

Alikuwepo ajenti wa shirika lililoleta chakula, tumwite Fideli. Kijana mpole, ametoka mkoa mwingine, viatu vyake safi siku zote. Akapata habari za mkeka. Siku moja akaja nyumbani kwangu, akakaa kwenye kiti cha baba yako, akakataa hata maji, akaniambia kwa adabu kabisa: "Mama Zaina, chakula hiki kimepimwa kwa mwili wako na mtoto aliye tumboni. Ukikigawa, wewe hakikufikii, na wao hakiwafikii. Kila mtu anabaki na njaa nusu. Wakubwa wakijua munafanya hivi, watafunga kambi yote." Akaniangalia tumbo. Akasema, "Ni mimba ya ngapi?"

Alijua pa kugusa. Kabla yako nilikuwa nimepoteza mimba, zaidi ya moja, na ya mwisho nilimzika mtoto ambaye alikuwa ameshafungua macho. Wewe ulikuwa tumboni, ukicheza kidogo sana. Nilikuwa nalala mkono juu ya tumbo nisije nikakosa kukusikia. Nikamwambia Fideli, "Nimeelewa, bwana."

Na hakusema uongo, Ngalula. Hilo njo linaniogopesha mpaka leo. Kila alichosema kilikuwa na hesabu yake. Ungekuwa wewe umekaa kwenye kile kiti ungesema vilevile, na kwa sauti ileile nzuri.

Mgawo uliofuata, nilitoka uwanjani na gunia langu nikapita moja kwa moja ndani. Mkeka ulikuwa umeshatandikwa. Mama Feza alikuja mlangoni na bakuli, akasema, "Zaina, tunakungoja." Nikamjibu kutoka dirishani kwamba nina mimba, nimekatazwa. Akasema, "Sawa." Alivyosema "sawa" ningependa usiwahi kuambiwa hivyo na mtu. Wenye kadi wengine walipoona sijatoka, nao wakaona haya ya kumwaga peke yao, wakaingia ndani na vyao. Mkeka ukakunjwa mtupu.

Baba yako aliporudi kutoka stasheni akaniuliza kwa nini uwanja umenyamaza hivi. Nikamweleza. Akasema, "Tuumwage, Zaina. Kesho nitawaangaliaje hawa watu?" Nikamwambia yeye hana tumbo, anyamaze. Nilisema na mengine juu ya kazi yake ya kufuta mashine, siwezi kuyaandika. Akachukua gunia akalificha juu, kwenye mbao za dari, kwa sababu nilimwomba. Hayo ndiyo maneno yetu ya mwisho marefu. Baada ya hapo tulisema tu lete maji, funga mlango.

Siku chache zilipita. Watu wa bunduki wa msituni wakaja jua likishuka, wakati wa kuwasha moto. Walikuwa wameshakuja kambini kabla, usifikiri ilikuwa mara ya kwanza. Zamani wakija walianza kwa Mama Feza, wakauliza chakula kiko wapi, naye akajibu, "Kila nyumba iko na kidogo," ikawa kweli. Wakachukua bakuli hapa, bakuli pale, wakatukana, wakaenda. Hakuna nyumba iliyostahili kuvunjwa. Siku ile wakaingia kwake wakakuta vyungu vinang'aa. Hana hata chembe. Wakamshika Feza, alikuwa mtoto mdogo bado, wakamwekea kisu hapa shingoni, wakamuuliza mama yake: nani anakula?

Mimi nilikuwa nachungulia kwenye ufa wa mlango. Nilimwona akinyoosha mkono.

Wakaingia kwetu. Wala hawakutupiga. Mmoja alipanda juu ya meza, akalivuta gunia, likaanguka chini, unga ukaruka tukawa weupe wote, na wao pia. Kiongozi wao akajaribu kuliinua, akaliacha. Akamwangalia baba yako, mtu wa reli, mabega yale. Akasema, "Wewe, beba."

Nimelifikiria hilo maisha yangu yote. Bakuli wangebeba wenyewe. Gunia linataka mtu.

Baba yako aliliinua begani. Alinigeukia akasema, "Narudi," kama mtu anayekwenda sokoni. Nilimwona akipita stasheni nyuma yao, mpaka miti ikamfunika. Nimeuliza watu wa Lokandu, nimeuliza wavuvi, nimeuliza waliotoka msituni baada ya vita. Wengine walisema wamemwona hai, wengine walisema hapana. Mimi bado nikisikia mtu anabisha mlango kwa kidole kimoja, kama alivyobisha yeye, naamka. Ulifikiri ni uzee.

Mama Feza alikuja palepale, bado nikiwa na unga kwenye nywele. Akasimama mlangoni akasema, "Zaina, mimi njo nilionyesha." Nikamwambia, "Niliona." Akakaa chini kwenye unga. Sikumsamehe, na sikumfukuza. Ingekuwa ni mimi, na kisu kile kiko shingoni kwako wewe, ningenyoosha mkono upesi kuliko yeye. Na angekuwa na bakuli lake la unga siku ile, angekuwa na kitu cha kuwapa.

Mgawo uliofuata mimi nilikuwa wa kwanza kumwaga. Ulizaliwa mdogo, mwanangu, mdogo wa kutisha, na aliyekupokea kwa mikono ni Mama Feza, maana siku ile hakuna aliyethubutu kutembea mpaka hospitali. Alikupuliza mdomoni ukalia. Ndiyo maana kwake wewe hukui, bado ni mtoto. Mwanamke ambaye unamwita mama mukubwa, anayekuchomea samaki wa safari pale nje sasa hivi na kumtukana paka, ni yeye. Usimuulize. Anajua naandika. Nilimwomba ruhusa, akasema, "Andika, lakini usimuambie mbele ya mimi kumubusu." Kwa hiyo kesho mwache akubusu kwanza, halafu usome ukiwa njiani. Nitaiweka hii ndani ya begi, chini kabisa.

Nikamweleza Fideli pia. Alikuja na mizani yake kukupima, akaanza kunigombeza kwamba uzito haujafika, kwamba hakika narudi tena kwenye mkeka. Nikamwambia ndiyo. Nikamwambia na sababu. Alikaa na wewe mikononi muda mrefu, ukamkojolea suruali, hakujali. Tangu siku ile alianza kuondoka uwanjani mapema. Akimaliza kugawa tu, anapanda gari, hata kama wakubwa walitaka afuate nyumba kwa nyumba kuangalia. Akiwaandikia aliandika kwamba chakula kimefika. Na kilikuwa kimefika. Baadaye waligundua, wakamtoa kazini. Alikuja kutuaga na viatu vyake safi. Sijui yuko wapi. Kuna watu ninaowaombea bila kujua kama wako hai, yeye na baba yako wako pamoja humo.

Baada ya vita miradi ilikuja mingi, umeiona mwenyewe. Nimekuwa rais wa komite ya pampu ya maji, nikafundishwa kunawa mikono na msichana mdogo kuliko wewe, nikapewa fulana. Pampu ilikufa, komite bado iko, tunakutana kunywa chai na kusema tutaandika barua. Sikatai. Watu wanaokuja wengi wana moyo. Lakini karibu wote wanakuja wanajua tunachokosa, na hakuna anayeuliza tulichonacho ambacho hakionekani kwenye maswali yao. Tableti yako iliniuliza juu ya redio. Haikuniuliza kama jirani yangu analala na njaa, na kama akilala na njaa mimi nitakuwa salama. Siilaumu, ni mashine. Wewe si mashine.

Uliniambia, "Mama, vita ilishaisha." Iliisha hapa mtaani kwetu. Wewe unakwenda kwenye msitu, na msitu una watu wake, na wanaona pikipiki inayopita na mzigo. Watajua mgawo umefanyika siku hiyohiyo. Watauliza kwenye mlango wa kwanza. Ukiwa umefanya kazi yako vizuri, kama Fideli alivyoifanya mwanzoni, mlango wa kwanza utakuwa mtupu na wa tatu utakuwa na gunia. Na ndani kutakuwa na mtu mwenye mabega.

Njo hapo usingizi unapokatika. Namwona yule mwanamke wa Obokote, simjui jina, ana mimba, umekaa kwenye kiti cha mume wake, unakataa maji, unamweleza kwa adabu. Anakuangalia anakuona umesoma, una sauti nzuri. Anakuambia, "Nimeelewa." Halafu mwaka mmoja mtoto wake anauliza baba yuko wapi. Naogopa risasi, naogopa barabara, lakini nikisema kweli, hilo naliogopa zaidi. Kwamba utarudi mzima, na mama mwingine atakuwa amekaa kwenye kitanda akiandika hivi kwa sababu yako. Mungu anisamehe kwa kukuandikia jambo hili, lakini nikinyamaza nitakuwa nimekunja mkeka mara ya pili.

Sikuambii uache kazi. Nilitaka. Jana nilivaa vizuri nikaenda mpaka mlangoni kwa ofisi yenu kuwaomba wasikupeleke, nikasimama pale kama mdaiwa, kisha nikaona aibu nikarudi. Umesoma kwa shida, mimi na Mama Feza tumeuza mpaka vitenge vyetu vya sikukuu. Na chakula kile kinahitajika kule, watu wana njaa kweli. Lazima kiende, na lazima aende nacho mtu. Afadhali mtu ambaye anajua.

Basi ukiwaona wanamwaga, ondoka mapema. Panda pikipiki, sema una safari. Wakikuuliza kwenye ofisi, sema chakula kimefika. Wakikufukuza, rudi, kitanda hiki hakihami. Na kabla ya kumchagua mtu yeyote, waulize wale wanawake swali ambalo mashine haina: huyu tukimpa peke yake, nani atakuja kwake? Wao wanajua. Hawatakuambia siku ya kwanza. Kaa, kunywa maji watakayokupa, uliza tena.

Sitakuambia usiogope. Wazazi wengine wanawaambia watoto hivyo, mimi siwezi. Siku niliyokataa kumwaga, niliogopa kwa ajili yetu wawili peke yetu, mimi na wewe tumboni. Wewe ogopa kwa ajili ya msururu wote.

Nakusikia getini, unaagana na wenzako, mnacheka. Nafunga. Kesho asubuhi pikipiki itakuja, na mimi najijua, nitakushika mkono na sitaweza kuuachia, nitajifanya naweka vizuri kitambaa chako, nitasema jambo la sabuni. Usinionee huruma, Ngalula. Vuta mkono wako kwa nguvu, uende.

Mama yako,
Zaina